Barua ya wazi kwa wasimamizi wa Jiji la Dodoma: tupeni siku saba kabla ya greda

Waheshimiwa mnaopanga, mnaojenga, mnaobomoa na mnaogonga mihuri,

Mbukwenyi.

YAH: OMBI LA SIKU SABA KABLA YA GREDA

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Nimeanza kiofisi kwa makusudi. Nimeandika barua nyingi katika jiji hili na nimejifunza kwamba isiyo na "Yah" haifunguliwi. Yenye "Yah" nayo haijibiwi, ila angalau hugongwa muhuri wa kupokelewa, na mtu akishapata muhuri hujiona amefika mahali. Hii ya leo naiweka hadharani, ipokelewe na wengi bila muhuri.

Mimi ni mtengeneza filamu. Msinitafute kwenye bongo muvi, simo. Zangu ni zile zinazoitwa filamu za majaribio: hazina wapenzi waliofumaniana, hazina mchawi, na mara nyingi hazina hata mtu anayeongea. Naweka kamera mahali, narudi hapo hapo baada ya mwezi, baada ya mwaka, kisha nazilaza picha moja juu ya nyingine mpaka mtaa uonekane kama ulivyo vichwani mwa waliokaa hapo siku nyingi, jana na leo zikiwa zimekaa kiti kimoja. Mama yangu mdogo ameziangalia kazi zangu tatu mpaka mwisho, kwa undugu tu, na swali lake siku zote ni moja.

"Sasa steringi ni nani?"

"Ukuta, mama."

"Ukuta umefanya nini?"

"Umesimama miaka arobaini. Wiki ijayo unabomolewa."

Akanyamaza kidogo. "Basi hiyo si muvi," akasema. "Huo ni msiba, na ungeniambia mapema ningekuja na kanga."

Simlaumu mama mdogo. Lakini ninyi, waheshimiwa, mnaongoza jiji ambalo jina lake lenyewe limetokana na mchezo wa macho. Hadithi inayojulikana zaidi ni ya tembo aliyezama kwenye tope, watu wakasema idodomya, amezama. Ipo nyingine ambayo wazee wa Kigogo huisimulia huku wakitabasamu: kwamba watu wa hapa waliswaga ng'ombe wa Wahehe, wakachinja, wakala, wakabakiza mikia. Wenye mali walipofika kuuliza, wakakuta mikia imechomekwa kwenye matope na wenyeji wamesimama pembeni wakisikitika: tazameni, wamezama! Mikia michache, tope, na mtazamaji aliyepangiwa mahali pa kusimama. Nikiisikia hadithi hiyo naona sinema kamili, tena haina skripti. Kibali chake sijui kilitolewa na nani.

Nije kwenye shida yangu.

Mchoraji anayejulikana kuliko wasanii wote wa jiji hili ni yule wa X nyekundu. Hajawahi kufanya maonyesho, jina lake hatulijui, lakini kazi yake hata mtoto wa chekechea anaielewa. Anapita na kopo la rangi, anavuta mistari miwili, anaondoka. Baada ya hapo ni notisi, na baada ya notisi ni greda. Sina ugomvi na ujenzi. Sensa ya 2012 ilihesabu watu 410,956 mjini hapa, ya 2022 ikahesabu 765,179, na watu wote hao wanataka maji, barabara na pa kulala. Mimi mwenyewe lami ilipofika mtaani kwetu nilishangilia kuliko jirani yeyote, kwa sababu vumbi lilikuwa limeshaniua lenzi mbili. Ninacholalamikia ni kimya kinachofuata. Kifusi kikishazolewa, hakuna mahali popote katika jiji hili ambapo mtu anaweza kwenda akauliza: hapa palikuwaje?

Mtasema picha zipo, kila mtu ana simu. Zipo kweli, lakini ziko wapi? Ziko kwenye simu iliyodumbukia kwenye ndoo, kwenye memori kadi iliyogoma, kwenye studio iliyofungwa na mwenye fremu akatupa negativu zote kwenye dampo kwa sababu mpangaji mpya alitaka kuuza vocha. Na ziko kwenye mikanda ya harusi. Hapa naomba mnivumilie kidogo, maana mikanda ya harusi ndiyo imenifanya niandike barua hii.

Mwaka jana familia moja ya jirani ilinipa mfuko wa rambo (ile iliyopigwa marufuku, nao ni kumbukumbu tayari) wenye mikanda saba ya VHS. Nilikuwa na deki niliyoinunua mnadani Msalato kwa bei ya kuku wawili. Mkanda wa kwanza ulikuwa na fangasi, ukakatika. Wa pili ukakubali. Ni harusi ya 1994. Bwana harusi simjui na sura yake haionekani vizuri kwa ajili ya mistari, lakini mpiga video wa siku hiyo alikuwa na desturi ya mafundi wengi wa enzi zile: kuwasha kamera mapema ili ajaribu betri. Akaiweka begani, akasahau. Dakika nne. Katika dakika hizo nne hakuna harusi. Kuna barabara ya vumbi na mbuzi wawili wamelala katikati yake bila wasiwasi. Kuna mtoto amevaa sweta la shule na hana viatu. Kuna fundi baiskeli chini ya mti, amepindua baiskeli magurudumu juu, analizungusha la nyuma kwa kiganja na kulisikiliza. Nyuma yake, mbali, mabehewa ya mizigo yanapita polepole, na mtu mmoja amekaa juu ya behewa amevaa kofia ya pama. Kisha sauti ya matarumbeta inaanza, kamera inageuka, harusi inaingia, na mji unatoweka nyuma ya maua ya plastiki.

Familia iliniomba niwahamishie mkanda kwenye flashi. Mjomba wa bwana harusi akaniambia, "Pale mwanzo kata, hamna kitu." Nikamwambia mzee, nyie chukueni harusi yote, mimi niachieni hiyo dakika nne. Alinitazama kama unavyomtazama mtu aliyekataa pilau akaomba maganda ya vitunguu.

Mti ule haupo. Mahali penyewe nilipatafuta siku tatu, nikipima kwa umbo la kilima cha nyuma, kwa sababu vilima ndivyo pekee ambavyo havijahama. Sasa hivi pana jengo la ghorofa la kukodisha ofisi, vioo vya bluu. Mlinzi wa getini ana miaka ishirini na mbili na ametoka mkoa mwingine. Nilimwonyesha fundi baiskeli kwenye simu yangu, nikamwambia alikuwa anakaa hapo ulipoweka kiti. Akasogeza kiti. Alikisogeza bila kufikiri, kama anavyofanya mtu anayempisha mzee.

Waheshimiwa, kusogeza kiti kule ndiyo kazi yangu yote. Sitafuti zaidi ya hapo.

Mikanda haina muda. Mabati yetu yanachemka kuanzia mwezi wa tisa, na joto, vumbi na fangasi vinaula mkanda wa sumaku taratibu bila kupiga kelele. Mashine za kuusoma nazo zinakwisha: kampuni ya Funai ya Japani, iliyokuwa ya mwisho duniani kutengeneza deki za VHS, iliacha Julai 2016. Mwezi huo huo ndio Rais Magufuli alitangaza hapa Dodoma kwamba Serikali inahamia. Naona kama mtu aliyepata barua ya kuhamishwa kazi na, siku hiyo hiyo, akapoteza ufunguo wa sanduku la picha za familia.

Sauti nazo. Reli ya kati ilifika hapa 1910, wakati wa Wajerumani, na mji ukaota pembeni yake. Kwa zaidi ya miaka mia moja mtu wa Dodoma alijua saa kwa treni, aliamka kwa treni, aligombana na jirani akisubiri treni ipite ndipo amalizie tusi. Reli ile imeungwa vipande vipande, na gurudumu likipita kwenye maungio linagonga: ko-ko, ko-ko. Nilikaa na mzee mmoja, pointimani mstaafu, yaani mtu wa kubadilishia treni njia, usiku mzima mwezi wa saba. Kila treni ilipokuja alifumba macho. "Hii ni ya mafuta, tupu." "Hii imebeba, sikiliza inavyokohoa." Hakukosea hata mara moja. Reli mpya ya SGR imechomelewa ikawa kipande kirefu, haina maungio ya kugonga, na treni ya umeme ilipoanza kuleta abiria kutoka Dar es Salaam Julai 2024 nilikwenda kuirekodi kwa mbwembwe zote, na maiki mbili. Nilipata fiii, basi. Naipenda treni ile, naipanda. Saa nne hazijatimia umeshafika Dar. Ila kitu ambacho mzee yule alikuwa anakisoma gizani kwa masikio kitakoma, na katika Jiji la Dodoma hakuna rafu moja ambayo ningeweza kuiweka ile rekodi ya usiku mzima nikaambiwa: tumepokea.

Nimetafuta mahali pa kuiweka kisheria. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inayalinda moja kwa moja majengo ya kabla ya 1863; yaliyokuja baadaye husubiri Waziri ayatangaze. Hesabu ni rahisi. Mji ulioanza na reli ya 1910 ni mtoto mbele ya sheria hiyo. Tembe ya udongo ambayo Mgogo ameiezeka kwa udongo na kuikarabati kila masika, hata iwe ya babu wa babu, utaithibitishaje mwaka? Nyaraka nazo zina sheria yake ya 2002, na kituo cha taifa cha kumbukumbu kipo hapa hapa Dodoma, lakini hizo ni kumbukumbu za ofisi. Fundi baiskeli hakuwa na faili.

Na si kwamba watu wa nyanda hizi hatujui kutunza picha. Pale Kolo, wilayani Kondoa, miamba ina michoro ya wawindaji wa zamani sana, watu warefu wembamba, twiga, pundamilia, wengi wao kwa rangi nyekundu. Mwaka 2006 UNESCO iliiweka kwenye orodha ya urithi wa dunia, na bado wenyeji wanakwenda kutambika kwenye baadhi ya mapango hayo, kuomba mvua na kuombea wagonjwa. Nilipokwenda mara ya kwanza kilichonishangaza si umri wake. Ni kwamba michoro imepandana. Mchoraji wa pili alikuta ukuta una kazi ya mwenzake, naye hakuifuta. Akachora juu yake, ya chini ikaendelea kuonekana. Nilikaa chini ya mwamba ule mpaka muongozaji akaanza kukohoa kunikumbusha muda. Nilikuwa nimetumia miaka kadhaa na kompyuta ya mkopo kutafuta namna ya kufanya kitu hicho hicho.

Nyekundu ya Kolo na nyekundu ya kopo la X ni jamaa wa mbali, lakini sitaki kulisema hilo sana, nisionekane mshairi.

Sasa vibali. Mwaka 1976 Dodoma ilipata mpango wake mkuu wa kwanza, uliochorwa na kampuni kutoka Toronto, Kanada, na ulikusudia mji wa watu wanaotembea kwa miguu na kupanda basi, mji usioshindana urefu na vilima vyake. Mwaka huo huo ilitungwa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza. Mpango wa mji umeshachorwa upya mara kadhaa tangu hapo. Sheria ya filamu nayo imeguswa, lakini mawazo yaliyomo kwenye fomu ni yale yale: filamu ni hadithi, ina kampuni, ina waigizaji, ina skripti.

Mwaka juzi nilipeleka ombi katika ofisi moja. Siitaji, na dada aliyenihudumia alikuwa muungwana, alinipa hata kiti. Fomu ikauliza wahusika. Nikaandika: upepo, geti la bati, mama anayefagia. Akasoma, akaniangalia, akasoma tena. "Mazungumzo yako wapi?" Nikamwambia geti linalia. Akaniomba niende nikaandike skripti ya namna geti litakavyolia. Niliandika, wallahi, kurasa sita. Niliporudi mhusika mkuu wa dawati alikuwa safarini. Niliporudi tena, ilibaki sahihi moja. Wiki ya tatu nikapata simu kutoka kwa mama anayefagia: greda limepita asubuhi, dakika ishirini, geti limechukuliwa na watu wa vyuma chakavu. Skripti ninayo mpaka leo.

Greda halikuulizwa muhtasari wa hadithi.

Kwa hiyo naomba hivi. Mnapoamua kuhamisha soko, kuvunja nyumba, kufunga kituo cha daladala, kukata mti mkubwa, kuongezwe siku saba kwenye ratiba, na siku hizo saba ziwe zimeandikwa kwenye notisi yenyewe kama mnavyoandika tarehe ya kuondoka. Katika siku hizo watu wa mahali pale, na yeyote mwenye kamera, waruhusiwe kurekodi bila kuitwa pembeni na mlinzi. Warekodi kuta, ndiyo, lakini warekodi pia sauti ya mahali saa kumi na moja alfajiri, na majina: nani alikaa kona ipi, kibanda kiliitwaje. Wapo vijana Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM) wanaosoma sanaa na wanatafuta pa kufanyia mazoezi. Wapeni barua moja tu ya kuwatambulisha. Gharama yake ni posho ya kikao kimoja, tena kikao kifupi. Mtu mmoja mwenye kamera moja, asiyefunga barabara wala kuleta jenereta, apewe kibali cha mwaka kisichouliza skripti. Mkiona mwaka ni mrefu, nipeni miezi sita, tutaelewana.

Na chumba. Kimoja, chenye feni, rafu, kompyuta na mtu wa kukaa humo anayejua kusalimia wazee. Kikiwa karibu na stesheni ya zamani ingependeza, lakini hata nyuma ya ofisi ya kata nitakubali. Mtu alete mkanda wake, uhamishwe, arudishiwe mkanda na nakala, na nakala nyingine ibaki jijini kwa masharti yake yeye.

Hayo masharti nayasisitiza kwa sababu nimewahi kukosea. Soko moja nilimrekodi mama muuza mlenda mkavu kwa dakika nyingi nikiwa nimejificha nyuma ya magunia, nikiamini nanasa maisha halisi. Aliniona. "Wewe kijana, sura yangu unaipeleka kuuza wapi?" Nikaanza kueleza habari za sanaa. Akanikata: "Sijakuuliza sanaa. Nimekuuliza wapi." Sikuwa na jibu, kwa sababu ukweli ni kwamba ilikuwa inakwenda kwenye tamasha nje ya nchi, ambako yeye asingeiona kamwe. Niliifuta mbele yake. Nikakaa, nikanunua mlenda, na baada ya wiki tatu akanirekodisha mwenyewe, amevaa kitenge kipya, akataja bei zote tangu alipoanza biashara. Ni kazi bora kuliko ile ya magunia mara kumi. Yeye swali lake la "wapi" ndilo ninalowaletea ninyi. Ningekuwa na chumba, ningemjibu.

Sitaki kumbukumbu hizi ziwe sanamu. Nyerere Square ipo na ina kazi yake, watu wanapigana picha pale jioni na wauza kahawa wanapata riziki. Ninachosemea ni kile kitu ambacho hakuna kiongozi atakayekizindua kwa kukata utepe: kona, kelele, kivuli cha saa nane mchana ambapo watu watatu walikuwa wanabanana.

Namaliza na mwaliko. Mtaani kwetu kuna nyumba imepigwa X. Bibi mwenye nyumba amekubali, na wanawe wamekubali, kwamba Jumamosi ya mwisho kabla ya greda nitundike shuka jeupe kwenye ukuta wa uani na nimulike hapo picha zote ambazo familia imezikusanya, pamoja na dakika nilizozirekodi humo ndani mwezi huu: jiko, korido, mlango wa choo ambao haujawahi kufunga vizuri. Nilifanya hivyo mwaka jana kwenye nyumba nyingine na watoto walikuwa wanakimbia kwenda kugusa ukuta ili jiko liwachore mgongoni. Tunaanza giza likiingia, kama saa moja usiku. Umeme ukikatika nina betri. Viti vya plastiki nimekodi arobaini, na bibi anasema wakija wakubwa atapika ugali wa uwele na mlenda, ila mtoe taarifa mapema kwa sababu uwele unasagwa mbali.

Wenu mtiifu,

Mtengeneza filamu wa majaribio,
Dodoma.

Nakala: Mama mdogo (njoo na kanga).